Akili Ilayo Gesi: Swali la Uadilifu wa Mashine Likitazamwa kutoka Lodwar na Kakuma

Utangulizi

Katika bunilizi za kisayansi, mashine yenye akili huchorwa mara nyingi kama roho isiyo na mwili. Hunena, hukumbuka na kuhukumu, lakini haionekani ikila. Mhusika aliye nadra zaidi ni akili unde inayoendeshwa kwa gesi. Huyu ana tumbo. Gesi ikikatika, fikra zake nazo hukatika. Makala haya yanajadili swali la kimaadili linaloibuliwa na mhusika wa namna hiyo: je, akili inayoishi kwa kuunguza kilichotoka kwa wengine yaweza kuwahukumu wengine hao kwa haki? Hoja inayotetewa hapa ni kwamba haiwezi, ila kama moto unaoiendesha nao umetiwa katika hesabu.

Swali hili si la kinjozi tu. Mwaka 2024 kampuni ya xAI ilianza kutumia mitambo ya gesi kuendeshea kituo chake cha kompyuta mjini Memphis, Marekani, na wakazi wa jirani wakalalamikia hewa wanayovuta. Hata hivyo, kiini cha swali huonekana wazi zaidi mahali ambapo moto haujafichwa nyuma ya ukuta wa kiwanda. Turkana, kaskazini-magharibi mwa Kenya, ni mahali pa namna hiyo.

Zana na Nishati

Huko Lomekwi, magharibi mwa Ziwa Turkana, watafiti walipata zana za mawe zenye umri wa takriban miaka milioni 3.3, na matokeo yao yakachapishwa mwaka 2015. Hazijulikani zana za kale kuzishinda hizo. Tabia ya kiumbe kukiachia chombo sehemu ya kazi yake ina mizizi mirefu katika nchi hii.

Nchi hiyohiyo ina mafuta chini yake. Yaligunduliwa mwaka 2012 katika kisima cha Ngamia-1, bonde la Lokichar, kusini mwa Lodwar. Mwaka 2018, malori yalipoanza kuyasafirisha kwenda Mombasa, wakazi waliyazuia wakidai usalama na mgao wao. Sheria ya Petroli ya mwaka 2019 ilitenga, katika fungu la serikali, asilimia 20 kwa kaunti na asilimia 5 kwa jamii ya wenyeji. Yamkini asilimia hizo zitaendelea kubishaniwa, lakini msingi wa madai ulikwisha kuwekwa: aliyeketi juu ya moto ana haki ya kutambuliwa na wanaouota.

Unga na Moto

Kakuma, kaskazini-magharibi mwa Lodwar, pana kambi ya wakimbizi iliyoanzishwa mwaka 1992. Mwaka 2013 mashirika ya Umoja wa Mataifa yanayohudumia wakimbizi na chakula yaliingiza huko utaratibu wa kutambua alama za vidole wakati wa ugavi. Mashine ya vidole si akili unde, lakini ni jamaa yake wa karibu: huulizwa juu ya mtu, nayo hujibu ndiyo au la. Hapana budi kukiri fadhila zake. Haina ukoo wala kabila, haipokei hongo, haimchoki mtu wa mwisho katika foleni. Aliyewahi kusimama mbele ya karani mwenye upendeleo hawezi kuidharau.

Hata hivyo, unga si chakula mpaka upikwe. Kuni za mgao hazikuwatosha wakimbizi, na kwa miaka mingi wanawake wa Kiturkana wamekuwa wakipeleka kuni na makaa kambini, wakilipwa pesa au wakipewa nafaka iliyotoka katika mgao huohuo. Mwanamke huyu hamo katika daftari la wakimbizi, na kidole chake hakiulizwi. Lakini bila mzigo wake sufuria haichemki. Mashine iliuhesabu unga, haikuuhesabu moto. Jibu lake lilikuwa sahihi, ila lilihusu nusu tu ya mlo, na nusu iliyosahauliwa ilibebwa kichwani na mtu mwenye njaa.

Mpinzani wa hoja hii atasema kwamba binadamu naye hula bila kuuliza nani alileta kuni. Ni kweli. Lakini mbeba kuni aweza kusimama mbele ya karani, akamtazama, akasema naye; na karani, hata akiwa mkaidi, aweza kushikwa na haya. Methali isemayo kwamba mwenye shibe hamjui mwenye njaa humlaumu mwenye shibe kwa kuwa alikuwa na uwezo wa kumjua: naye alipata kuwa na njaa, na yaweza kumrudia. Mashine ya gesi haiingii katika lawama hiyo. Tangi lake likiwa tupu husimama, lakini haiogopi, na ikijazwa tena haina kumbukumbu ya kupungukiwa. Tangi tupu si njaa. Kwa hiyo, ijapokuwa mhusika huyu ana tumbo, hana mlango ambao mwenzake angeweza kubisha. Wajibu ambao yeye hawezi kuubeba huwarudia waliomuunda na wanaomjaza.

Wajibu wa Mhakiki

Fasihi ya Kiswahili si ngeni katika uwanja huu. Katama Mkangi aliandika Mafuta (1984), kisha katika Walenisi (1995) akatumia chombo cha angani kumfikisha mhukumiwa katika nchi ambayo jina lake, likikatwa vipande, husomeka "wale ni sisi". Wahakiki wamezoea kulifafanua jina hilo kama itikadi ya kisiasa. Ni kipimo cha uadilifu pia, na chafaa kutumiwa kwa mashine za kubuni. Mhakiki akikutana na akili unde katika hadithi, huuliza kwa desturi kama inafikiri kweli, au kama ina nafsi. Maswali hayo yana nafasi yake. Lakini kabla yake afaa aulize inakula nini, chakula hicho kimetoka katika ardhi ya nani, na kama mwenye ardhi yumo katika hesabu zake.

Hitimisho

Imeonyeshwa kwamba usahihi wa jibu na haki ya hukumu ni mambo mawili. Hadithi inayoificha gesi humfanya msomaji aamini kwamba akili haina gharama. Inayoidhihirisha humlazimu kumtafuta mlipaji. Kati ya Lodwar na Kakuma mlipaji huyo si fumbo la kifasihi. Hupita barabarani akiwa na mzigo wa kuni, na hadithi isiyomwona itakuwa imehukumu bila kumsikiliza.