Twendapi?

Bismillahir Rahmanir Rahim. 

Mwaka 1968 kijana wa Mombasa mwenye miaka 22, Abdilatif Abdalla, aliandika waraka akiuliza: Kenya, twendapi? Kwa sababu yake alifungwa miaka 3. Gerezani alitunga mashairi, akayaandika kwenye karatasi za chooni. Yalichapishwa 1973 kwa jina Sauti ya Dhiki, kisha yakapata Tuzo ya Jomo Kenyatta, jina la rais aliyekuwa madarakani alipofungwa.

Mtume (s.a.w.) ametufundisha kwamba neno la haki mbele ya mtawala dhalimu ni katika jihadi bora. Lakini nawaombeni tusiishie hapo. Sura An-Nisaa, aya ya 135, inatuamrisha tuwe mashahidi wa haki hata dhidi ya nafsi zetu, wazazi na jamaa zetu. Basi kalamu inayoikemea serikali, ikanyamazia hesabu za jumuiya yetu na mwenzetu anayenunua kura za wanafunzi, haijatoa ushahidi. Imechagua upande tu.

Tuulize twendapi, tukianzia hapa msikitini kwetu. Allah atupe ujasiri na ikhlasi. Amin.