Haki ya Kutazama

Mwaka 1992 Flora M'mbugu-Schelling, mtengeneza filamu wa Kitanzania aliyefuata njia yake mwenyewe, alitoa filamu ya dakika 45 iitwayo These Hands, yaani mikono hii. Wanawake, wengi wao wakimbizi wa Msumbiji, wanagonga kokoto katika machimbo ya Kunduchi, pembezoni mwa Dar es Salaam. Msimulizi hamna. Nyundo inapanda, inashuka, mawe yanavunjika, wimbo unazuka katikati ya kazi. Maelezo machache ya maandishi yanakuja mwishoni, baada ya jicho kuchoka.

Je, ni halali kumtazama mtu akitaabika nawe ukanyamaza? Wapo wasemao kimya cha namna hii ni kumtelekeza mtaabikaji: mtazamaji huondoka na mahadhi ya nyundo, asijue ujira wa mgongaji wala nani kaununua mzigo. Hoja hiyo ina uzito. Lakini mimi mfasiri naujua uchu wa kueleza, na aghalabu anayeeleza sana humpokonya mwenzake kauli. Bibi huyu hakupokonya, na wala hakutazama kwa kupita njia. Alikaa. Kwangu mimi, kukaa ndiko kunakomhalalishia kimya chake.

Nalipeleka suala hili bara, Kishapu, uliko mgodi wa almasi wa Mwadui, kwa kuwa huko jiwe limetazamwa kuliko mkono. Almasi ya waridi iliyopatikana mwaka 1947, akatunukiwa Binti Mfalme Elizabeth wa Uingereza kwa arusi yake, hadi leo inaitwa kwa jina la Williamson, mwenye mgodi. (Sisi washairi nasi tumeziimba almasi mara ngapi, bila ya kumtaja mchimbaji?) Na tarehe 7 Novemba 2022, ukingo wa bwawa la tope la mgodi huo ulipobomoka, tope likavamia makazi na mashamba ya Ng'wang'holo na Nyenze. Habari za namna hiyo huhesabu nyumba na ekari, kisha zikahamia kwingine.

Natamani mtu angekwenda huko na kamera kwa mwendo wa Kunduchi, akakaa hadi mama mmoja amalize kuchota tope sebuleni kwake, ndoo baada ya ndoo. Ila kwanza angebisha hodi. Maana mama yule anayo haki ya kumjibu, "Leo usinitazame, mwanangu," na hapo kamera ingebaki mkobani.