Wimbo Unapohama: Suala la Deni katika Muziki wa Michezo ya Video

Swali la iwapo muziki uliotungwa kwa ajili ya mchezo wa video unastahili jukwaa la okestra huulizwa kana kwamba ni suala la hadhi tu. Tangu mwaka 1987, muziki wa Dragon Quest wa Koichi Sugiyama ulipopigwa na okestra mjini Tokyo, swali hilo limejibiwa kwa vitendo. Lililobaki ni la kimaadili: wimbo unapohamishwa kutoka katika muktadha wake, nani anadaiwa, na anadaiwa nini?

Mfano ulio karibu na msomaji wa Kiswahili ni "Baba Yetu". Christopher Tin, Mmarekani, aliutunga kwa ajili ya mchezo wa Civilization IV, uliotoka mwaka 2005. Maneno yake ni Sala ya Bwana kwa Kiswahili. Mwaka 2011 ukawa utungo wa kwanza wa mchezo wa video kupata tuzo ya Grammy, na umeimbwa na kwaya na okestra katika kumbi nyingi. Wapo watakaodai kwamba sala imeshushwa ikawa pambo. Dai hilo linatokana na imani kwamba maana ya utungo hukaa katika muktadha wake wa asili pekee.

Imani hiyo haisimami Kapkatet. Mwaka 1950, katika nchi hiyo ya chai, Hugh Tracey aliwarekodi wasichana wa Kipsigis wakiimba "Chemirocha". Jina hilo ni la Jimmie Rodgers, mwimbaji wa Marekani aliyefariki mwaka 1933, ambaye sauti yake ilifika huko kwa santuri. Kwa mujibu wa Tracey, wimbo huo ulimfanya mgeni kuwa kiumbe nusu mtu, nusu paa. Ikiwa kuhamisha ni kosa, basi wasichana hao nao ni wakosaji. Na hakuna mhakiki mwadilifu atakayesema hivyo.

Tofauti, basi, haimo katika kuhama bali katika kurejea. Rodgers hakupoteza kitu. Sauti za wasichana, kinyume chake, zilisafiri ng'ambo, na ilipita zaidi ya miaka 60 kabla ya maktaba ya muziki aliyoiasisi Tracey kurejesha nakala kwa jamii. Zilifanana na chai ya Kericho, ambayo huuzwa mnadani Mombasa na kuchanganywa na nyingine, mnywaji asijue jani lilichumwa wapi.

Kwa hiyo okestra haikosei kwa kuupandisha "Baba Yetu" jukwaani. Hukosea pale inapoyachukulia maneno kuwa mlio mtupu: kwaya isipofundishwa matamshi, hadhira isipoelezwa maana, na lugha yenyewe isipotajwa. Deni hilo ni dogo, lakini ni deni. Waimbaji wa Kapkatet walililipa bila kudaiwa: walipomchukua mgeni wakamgeuza wapendavyo, jina lake walilihifadhi, ingawa kwa matamshi yao wenyewe.