Mwanamke Asiye na Jina katika Daftari Lako

Mwanangu, daftari lako nimelisoma lote. Limenichukua siku tatu, usiku, kwa tochi ya simu, maana umeme wa Butembo unaujua. Nimesahihisha madaftari ya watoto wa watu miaka thelathini na minne, na wengi niliowaonya waliitika "ndiyo mwalimu" kisha wakaenda zao kufanya vilevile. Nimechoka kuonya. Lakini wewe ni mtoto wa ndugu yangu, basi kaa, chai inakuja.

Unajua kuandika. Pale unapoeleza malori yaliyopanga foleni mpakani Kasindi, na baba yako anavyohesabu siku za kontena tangu Mombasa, vumbi lilinikaba koo. Hapo uko kwenu. Ukifika Guangzhou, kalamu inakuwa ya mtu mwingine. Wachina wako wote wana sura moja: wanacheka ovyo, wanakula nyoka, wanabonyeza kikokotoo. Yule mwanamke wa duka la bitenge, ambaye bila yeye hadithi yako haiendi popote, hana hata jina. Ni "Mchina" tangu anapotokea mpaka anapokufa. Ulikaa kule siku kumi na tano, ukilala Xiaobei wanakofikia Waafrika, ukila kwa Wakongomani wenzako. Uchache wa siku si kosa, biashara ndiyo iliyokupeleka. Kosa ni kuziandika kama miaka.

Unajua nilimkumbuka nani nikisoma? Stanley, yule mpelelezi Mzungu. Usicheke. Mwaka 1889 alipita bonde la Semliki, chini ya Rwenzori, upande wa Beni huku. Mwaka uliofuata kitabu chake kikatoka, na Afrika yetu imeitwa giza tangu kwenye jalada. Hata kabla ya hapo, 1873, alikuwa ameshatunga hadithi juu ya Kalulu, mtoto mtumwa aliyepewa akiwa Tabora. Ndani ya kitabu alimfanya mwana wa mfalme. Nje ya kitabu mtoto alibaki kumtumikia, hadi 1877 alipozama kwenye maporomoko ya mto Kongo. Upande wa Kalulu hatujausoma. Nani angeuandika?

Na Wachina nao walitungiwa vilevile. Mwingereza mmoja, Sax Rohmer, alianza 1913 kuchapisha vitabu vya Fu-Manchu, Mchina mwovu anayetaka kuitawala dunia, na China yenyewe hakuwa ameikanyaga. Vikauzwa, filamu zikatengenezwa, na watu wakaamini kwamba Mchina ndivyo alivyo.

Huyo nampita haraka. Anayeninyima usingizi ni Hergé, mchora katuni, kwa sababu mimi mwenyewe nilijifunza Kifaransa kwa picha zake. Alianza kutuchora 1930, gazetini kule Brussels, na Kongo hakuwahi kuja. Tunaonekana watoto wakubwa wenye midomo minene, tunampigia magoti Tintin, kijana wa Kibelgiji, na mbwa wake. Wakati huo Wachina nao alikuwa ameshawachora na mikia ya nywele, kazi yao kutesa watu. Sasa sikiliza tofauti. Mwaka 1934 alipotangaza kwamba Tintin anakwenda China, padri aliyewalea wanafunzi Wachina wa Chuo Kikuu cha Louvain alimwandikia: angalia utakavyowachora, vijana hawa wanasoma. Akakutanishwa na Zhang Chongren, mwanafunzi wa uchongaji pale Brussels. Wakakaa pamoja wiki hadi wiki. Zhang alimfundisha kushika brashi, akamweleza Wajapani walivyokuwa wakiila nchi yake, na maandishi ya Kichina unayoyaona ukutani katika picha zile ni mkono wake mwenyewe. Kitabu kilichotoka, Le Lotus bleu, kina Wachina wenye nyuso na hasira na majina. Mmoja anaitwa Tchang.

Mkono ni uleule, miaka minne tu imepita. Sisi tulikosa nini? Tulikosa mtu wa kubisha mlango. Thomas Kanza, Mkongomani wa kwanza asiye wa upadri kupata shahada Ubelgiji, alihitimu Louvain 1956, miaka mingi baadaye. Mwaka 1946 kitabu cha Kongo kilichorwa upya, na somo la "nchi yenu Ubelgiji" likageuzwa hesabu ya kujumlisha. Midomo ikabaki. Mwaka 2007 Mkongomani Bienvenu Mbutu Mondondo alikipeleka kitabu hicho mahakamani Brussels, na 2012 akashindwa. Sikushangaa. Kitabu kikishakaa vichwani mwa watoto miaka themanini, hakimu atakitoa kwa chombo gani?

Na wewe mwenyewe kuandikwa unakujua. Ebola ilipotangazwa Agosti 2018, kutoka Mangina hadi ikatufikia hapa, wageni walishukia Beni, wakakaa siku chache, wakaandika kwamba sisi ni wabishi, tunamwogopa daktari kuliko ugonjwa. Ulinisomea habari hizo barazani hapa, sauti inatetemeka. Ulisema: mbona hawaulizi kwa nini watu wanaochinjwa Beni tangu 2014 wanashangaa kuona magari yote haya yanakuja kwa ugonjwa mmoja? Mbona hawasemi kwamba Desemba ile Beni na Butembo tulinyimwa kura? Maneno yako hayo. Mimi nilinyamaza tu.

Sasa funua ukurasa wa kumi na mbili, unisomee kwa sauti ileile.

Sikukatazi kuandika China. Wafanyabiashara wa Butembo wanakwenda kule tangu kabla hujazaliwa, ni haki mmoja wetu aieleze safari hiyo. Lakini baba yako aliniambia yule mama wa duka anamwandikia kwenye WeChat kila wiki, kuuliza kama mzigo umevuka mpaka. Kumbe anakujua. Muulize alitoka kijiji gani kabla ya Guangzhou, watoto wake wanalelewa na nani, na siku mteja wa Kongo akikimbia na deni yeye analala vipi. Mtafsirie ukurasa mmoja, ule anapokufa. Akikasirika, uniletee hasira yake kama ilivyo.

Unasema jina lake limo kwenye simu, ila limeandikwa kwa maandishi usiyoweza kuyasoma. Haya, chai imepoa. Nipe hiyo simu tumtazame pamoja, halafu unisaidie kuingiza kiti, mvua inakuja.