Yule Mmoja Asiyerudi

Juzi nilimtembelea mama mmoja wa usharika wetu. Alinilalamikia kwamba mwanawe hatoki chumbani kwa ajili ya gemu. Niliingia, nikaketi kando ya yule kijana, nikamwomba anionyeshe. Mkononi alikuwa na kifaa cha kuchezea gemu, Nintendo DS kuukuu aliyoletewa na mjomba wake. Alikuwa ameshinda vita, adui wote chini. Kisha, mbele ya macho yangu, akaizima na kuanza upya.

"Mbona umeshinda?" nikamuuliza.

"Mpiga upinde wangu kafa, Mchungaji. Humu akifa harudi."

Gemu hiyo inaitwa Fire Emblem. Mfululizo wake ulianza Japani mwaka 1990, ukibuniwa na Shouzou Kaga. Ni kama sataranji: unasogeza kikosi chako hatua kwa hatua, kisha adui naye anasogea. Lakini kitunda cha sataranji hakina jina. Hapa kila askari ana jina na sura, ana kwao, na huzungumza na wenzake kambini. Anayeanguka ndiyo basi. Sura inayofuata utaicheza bila yeye. Tangu 2010 watengenezaji wameweka njia nyepesi, ya walioanguka kurejea baada ya pambano. Kijana wangu haitaki.

Nilikaa kimya. Nilikuwa nimehubiri Luka 15 mara nyingi, yule mchungaji aliyewaacha kondoo tisini na tisa nyikani akamtafute mmoja aliyepotea, na kila mara moyoni nilimwona kama mtu asiyejua hesabu. Sasa mtoto wa miaka kumi na saba anatupa saa mbili za ushindi kwa ajili ya mmoja, wala haoni kama amepata hasara. Nikalikumbuka daftari letu la mahudhurio. Tunaandika jumla tu, mia mbili na kumi, mia mbili na nne. Wale sita ni akina nani?

Akanionyesha na gemu nyingine, ya muziki, Osu! Tatakae! Ouendan ya mwaka 2005. Haikutolewa rasmi nje ya Japani, lakini DS haikufungiwa nchi, kwa hiyo wapenzi wake waliiagiza kutoka huko bila kujua neno la Kijapani. Ouendan ni vikundi vya washangiliaji, wanaume waliovaa sare nyeusi za shule. Mwanafunzi anahangaika na mtihani, muuza tambi amekosa wateja; wao wanafika na kucheza kwa nguvu zao zote. Wewe unagusa viduara kwa kalamu, sawasawa na mdundo. Ukichelewa, anayeteseka ndiye anayeanguka. Huufanyi mtihani wake wala hupiki tambi zake. Unashangilia tu, ila bila wewe hawezi. Nikamsimulia habari za Haruni na Huri, walivyoitegemeza mikono ya Musa mpaka jua likachwa. Akatabasamu: "Ndiyo hao hao, Mchungaji."

Nilipoaga, alikuwa amerudi vitani. Mpiga upinde hawezi kujitetea adui akimkaribia, kwa hiyo alimweka nyuma ya ukuta, akamsogeza mpanda farasi mwenye ngao mbele yake. Akahesabu kwa kidole, mraba kwa mraba, adui wa mbali kabisa anaweza kufika wapi. Akahesabu tena.