Nani Alimpa Salum Abdallah Kibali?

Jumamosi nilikuwa kwa kinyozi, Mji Mpya hapa Morogoro, kichwa kimenyolewa nusu, redio ikaweka ule wimbo wa baa wa Shaboozey. Kijana aliyekuwa anasubiri zamu akaangua kicheko. "Mzee, msikie huyu naye! Mnigeria mzima anaimba muziki wa wazungu wachunga ng'ombe." Wenzake wakaitikia. Fundi naye, mashine ikinguruma sikioni kwangu, akaongeza kuwa Beyoncé naye alijitia humo humo, akabebwa na jina tu. Nilinyamaza, aliyeshika mashine habishiwi. Lakini maneno yale yamenikaa rohoni wiki nzima.

Shaboozey amezaliwa Virginia, Marekani. Wazazi wake ndio watu wa Nigeria. Na kwa kuwa vijana wanapenda namba, mwaka 2024 wimbo huo ulikaa kileleni mwa chati kuu ya Billboard wiki 19, ukaifikia rekodi ya "Old Town Road" wa Lil Nas X wa mwaka 2019. Huyo Lil Nas X naye kijana mweusi, na alifanyiwa kituko: wimbo uliingia kwenye chati ya country, ndio huo muziki wa wachunga ng'ombe, wenye chati wakautoa, eti haukuwa na vionjo vya country vya kutosha. Februari 2024 akaja Beyoncé, binti wa Houston, Texas. "Texas Hold 'Em" ikamfanya mwanamke mweusi wa kwanza kuongoza chati ile ile ya country. Banjo mnayoisikia humo imepigwa na Rhiannon Giddens, mwanamke mweusi pia, na banjo yenyewe asili yake ni mikono ya Waafrika waliopelekwa utumwani. Sasa nani kamwiga nani?

Najua nitaambiwa hayo ni ya Marekani, yanatuhusu nini. Haya, turudi hapa hapa chini ya Uluguru. Miaka ya 1950 Morogoro ilikuwa na bendi iliyoitwa Cuban Marimba. Kiongozi wake, Salum Abdallah, alizipenda santuri za Kuba, akachukua mapigo yale, rumba na cha-cha-cha, akayavika Kiswahili, watu wakacheza mpaka alfajiri. Wapinzani wao walikuwa Morogoro Jazz, bendi ya tangu 1944, ambayo jazz ilikuwa kwenye jina tu. Humo ndimo baadaye Mbaraka Mwinshehe alipolichanachana gitaa la solo mpaka Kenya nzima ikamjua. Wapenzi wa muziki walibishana bendi ipi kali. Sijapata kumsikia mzee yeyote wa mji huu akisema walimtaka Salum aonyeshe kibali kutoka Havana. Hata baba zetu waliokuwa wakimsikiliza Jim Reeves Jumapili, shati limepigwa pasi, hawakudaiwa cheti cha kuzaliwa Texas.

"Ah, lakini Salum alipiga kwa mapenzi, hawa wanatafuta pesa." Hapo ndipo mnaponichosha. Dansi lilikuwa na kiingilio mlangoni, na santuri zilikuwa na bei. Mwanamuziki asiyetaka kulipwa mimi simjui. Mkimpata mleteni, soda juu yangu.

Sisemi wimbo ukishika namba moja basi ni mzuri. Chati ni daftari la muuza duka: inakwambia kilichotoka, haikwambii kitamu. Huo wa baa wenyewe, kusema kweli, ukiusikia mara tatu unatosha. Mtu akisema haumpendezi, tutaelewana. Akisema mwimbaji hana haki ya kuuimba kwa rangi yake, huyo anawasaidia walewale waliomtoa Lil Nas X kwenye orodha, tena anawasaidia bure, akiwa kwenye benchi la kinyozi Morogoro.

Vijana wangu wa Mji Mpya, kabla hamjamfukuza Shaboozey kwenye country, zitafuteni kwanza nyimbo za Cuban Marimba mzisikilize mpaka mwisho. Mtandaoni zipo, na simu mnazo mkononi.