Usiliache Gari Lako Lioze Polisi

Wewe ambaye bajaji yako imelala kituo cha polisi huko Bihar kwa sababu abiria alipanda na chupa za pombe ndani ya mfuko, inuka. Wewe uliyemkabidhi dereva gari lipeleke mchele, ukapigiwa simu usiku kwamba limekamatwa na makatoni ya pombe, inuka pia. Najua umechoka. Umezungushwa, umeambiwa njoo kesho, na rejesho la mkopo linakudai kila mwezi kana kwamba gari liko barabarani linaingiza hela. Pamoja na hayo yote, gari hilo bado ni lako.

Jimbo la Bihar, mashariki mwa India, lilipiga marufuku pombe Aprili 2016, na tangu Oktoba 2 mwaka huo linaongozwa na sheria mpya yenye makali. Sisemi haikuwa na sababu. Wanawake wa Bihar ndio walioidai, walipochoka kuona ujira wa siku ukiishia kilabuni na wao wakirudishiwa kipigo. Kilio chao kilikuwa cha haki. Lakini kilio hicho hakikuomba mwenye bajaji asiye na hatia afukarishwe.

Hebu tuitazame sheria yenyewe, maana wengi wanaiogopa bila kuisoma. Kifungu cha 56 kinagusa chombo kilichotumika kubeba pombe. Cha 58 kinampa mkuu wa wilaya mamlaka ya kukitaifisha. Cha 60 kinazifungia mlango mahakama za kawaida. Hapo ndipo watu wanapokufa moyo, nami nasema wanakufa moyo mapema mno. Kukamatwa si kutaifishwa. Katikati pana shauri, na katika shauri hilo lazima usikilizwe. Uliza pombe ilikutwa wapi hasa: ndani ya gari, au tumboni mwa dereva? Uliza ilikuwa kiasi gani, na nani alishuhudia. Kama hukuwepo, sema kwa hati ya kiapo gari lilikuwa mikononi mwa nani na ulimtuma nini.

Mkuu wa wilaya akikukatalia, kata rufaa. Na juu yake iko Mahakama Kuu ya Patna, ambayo mlango wake haufungwi na kifungu cha 60, kwa kuwa mamlaka yake yanatoka kwenye Ibara ya 226 ya Katiba ya India. Wenye magari wamemiminika pale kwa wingi, na mahakama hiyo imeelekeza mashauri ya kutaifisha yamalizwe ndani ya siku 90 tangu wahusika wafike. Siku 90! Kama shauri lako limelala zaidi ya hapo, peleka barua inayotaja agizo hilo, na uondoke na nakala iliyogongwa muhuri. Ibara ya 300A nayo inasema mtu hanyang'anywi mali yake ila kwa mujibu wa sheria. Maneno hayo yanamhusu tajiri mwenye malori, na yanakuhusu wewe mwenye pikipiki moja ya kukopa.

Tangu mwaka 2022 kuna njia nyingine: kulipa faini ili chombo kiachiwe. Mwanzoni ilikuwa inaweza kufika nusu ya thamani ya bima. Mwaka 2023 ikashushwa hadi asilimia 10. Kwa anayelisha watoto kwa bajaji, kulipa na kurudi barabarani si aibu. Ila piga hesabu na wakili kwanza, usilipe kwa woga tu.

Lililo baya kuliko yote ni kukaa kimya. Nenda uone gari linavyofanywa na mvua za masika katika ua wa polisi: matairi yamekaa chini, betri haipo, majani yamepenya sakafuni, kutu imekula milango. Mahakama ya Juu ya India ililiona hilo tangu 2002, katika shauri lililotoka Gujarat, jimbo jingine la marufuku. Ilisema hakuna faida kuyarundika magari vituoni kwa muda mrefu. Yapigwe picha, yaorodheshwe, mwenyewe apewe kwa dhamana. Chelewachelewa utakuta mwana si wako: gari likishapigwa mnada, hata ukishinda utagombea fedha tu.

Basi anza leo. Toa kadi ya gari, bima, leseni ya dereva, risiti za mkopo na nakala ya orodha ya vitu vilivyokamatwa. Huna? Omba, kwa maandishi. Huna hela ya wakili? Ofisi ya msaada wa kisheria ya wilaya ipo kwa ajili ya watu kama wewe. Wito ukija, fika kabla jina lako halijaitwa, na usitoke hapo mpaka maelezo yako yameandikwa kwenye jalada.